Kupeana mkono nako ni sanaa

Kuna watu bado wanasema sanaa hizi za kumshirikisha mtazamaji ni kupoteza muda tu, eti mtu anakaa kwenye kiti anakuangalia halafu unaambiwa hiyo ndo kazi yenyewe. Mi huwa nawaambia waanze na msanii wa Marekani, Mierle Laderman Ukeles.

Huyu mama mwaka 1979 alianza kuzunguka jiji zima la New York akiwafuata wazoa taka kwenye zamu zao, mmoja mmoja, mpaka mwaka uliofuata akawa amefikia wafanyakazi 8,500. Anamsogelea mtu, anampa mkono, anamshukuru kwa kuiweka New York hai, basi, anaenda kwa mwingine. Kazi aliiita Touch Sanitation.

Sasa fikiria huo mkono. Mzoa taka anapita kila siku na watu wanaliona gari, yeye hawamwoni. Akija mtu akamkazia macho na kumnyooshea mkono inabidi naye aamue kitu palepale, avue glavu au asivue, acheke, aangalie pembeni, ajiulize huyu anataka nini kwangu, na kwangu mimi sanaa iko kwenye hizo sekunde kuliko kwenye picha yoyote. Na kurudia mara 8,500 sio adabu tena jamani, ni kazi ngumu, na ndo alichokuwa anakisema tangu manifesto yake, yaani tamko lake la kisanaa, ya 1969, alipokuwa na mtoto mdogo, kwamba kufua, kupika na kusafisha ataviweka mbele za watu kama sanaa.

Msanii mwingine, Marina Abramović, naye mwaka 2010 pale MoMA, makumbusho ya sanaa ya kisasa ya New York, alikaa kimya zaidi ya saa 700 kwa jumla, yeyote anakuja anakaa mbele yake. Mwanzoni kulikuwa na meza katikati, baadaye ikaondolewa vikabaki viti viwili. Napenda sana uamuzi ule, maana meza ni ngao, hata ofisini ukiitwa na bosi unajua.

Msanii Yoko Ono alienda mbali zaidi, tangu 1964 kule Kyoto, Japani: kakaa chini, mkasi uko mbele yake, njoo ukate nguo yangu. Hapo kila mtu anajionyesha mwenyewe kwa ukubwa wa kipande anachokata. New York 1965 kijana mmoja alikata mpaka kamba za sidiria, Ono akajiziba kwa mikono.

Ila hata pale uko huru kubaki kwenye kiti chako. Hizi shoo ambazo mtu anavutwa mbele kwa nguvu, kamera zinammulika, anacheka kwa aibu alafu tunaambiwa kashirikishwa, mi zinaniudhi kweli, maana huyo hajashiriki, katumika tu. Kwa hiyo kama unawaza kufanya kazi ya namna hii chagua kitendo kimoja kidogo, salamu inatosha kabisa, anayekataa mwache apite zake, na kamera isiwe kitu cha kwanza anachokiona.