Kibarua wa kaunti mahakamani: omba kile ambacho jaji anaweza kukupa

Vibarua wengi wa serikali nchini Kenya huenda Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi na ombi moja tu: tuajiriwe kwa kudumu na pensheni. Ombi hilo peke yake huanguka mara nyingi, na linapoanguka huzika hata haki ambazo sheria ilikuwa tayari kuwapa. Inauma kuona mtu aliyefagia soko la kaunti miaka 6 akitoka mikono mitupu kwa sababu ya namna kesi ilivyoandikwa.

Msingi ni kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira ya mwaka 2007. Kibarua akifanya kazi siku mfululizo zinazofikia mwezi 1, au akipewa kazi ambayo haitarajiwi kwisha kabla ya miezi 3 kwa jumla, huhesabiwa kuwa mfanyakazi wa mshahara wa mwezi. Siku 1 ya mapumziko baada ya siku 6 za kazi huingia kwenye hesabu, na sikukuu pia, kwa hiyo usikubali kuambiwa kwamba Jumapili zilikata mfululizo.

Ukigeuzwa hivyo unapata notisi ya siku 28, likizo ya siku 21 za kazi kwa mwaka, likizo ya ugonjwa, na haki ya kusikilizwa kabla ya kufutwa. Cheo cha kudumu hakimo. Mlango wa hicho ni Tume ya Utumishi wa Umma au bodi ya utumishi wa umma ya kaunti: nafasi iliyoidhinishwa, tangazo, usaili, na fedha kwenye bajeti. Kwa hiyo omba tamko kwamba ajira yako imegeuka, omba malimbikizo, omba zuio la kufutwa kazi wakati kesi ikiendelea, kisha uiombe mahakama itumie uwezo wake chini ya kifungu cha 37(4) kurekebisha masharti yako ya kazi. Ajira ya kudumu iwe ombi la mwisho, tena liwe la kuitaka bodi iwafikirie kwa haki nafasi zinapojazwa.

Ushahidi ndio unaoangusha wengi. Katika kesi ya kampuni ya chumvi ya Krystalline Salt ya mwaka 2017, Mahakama ya Rufani ilisema kifungu cha 37 hakimhusu anayelipwa kwa kipande cha kazi, yaani kwa kiasi cha kazi aliyomaliza, na kwamba anayedai mfululizo ndiye wa kuuthibitisha. Kusema “nimefanya kazi tangu 2018” hakutoshi. Toa taarifa za M-Pesa au benki zinazoonyesha malipo mwezi baada ya mwezi, taarifa ya michango ya NSSF (hazina ya hifadhi ya jamii), kitambulisho cha kazi, ratiba za zamu, barua za kuhamishwa kituo. Jumbe za WhatsApp za msimamizi zinafaa, ila ziambatane na cheti cha ushahidi wa kielektroniki cha kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Daftari la mahudhurio liko kwa mwajiri. Liombe kwa barua chini ya Sheria ya Kupata Habari ya mwaka 2016, ambayo inaipa ofisi siku 21 kujibu. Tena, kazi ya miezi 3 au zaidi ilipaswa kuwa na mkataba wa maandishi, na ni jukumu la mwajiri kuuandaa. Asipouleta mahakamani, mzigo wa kukanusha masharti unayodai ni wake.

Mkishtaki kwa kundi, kila mmoja atie sahihi idhini ya kuwakilishwa, na jedwali lionyeshe tarehe ya kuanza, kituo na malipo ya kila jina. Kundi la watu 60 lenye shahidi 1 anayejua habari zake tu ni kesi ya mtu 1.

Kuna mtego mwingine. Kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti kinataka uamuzi wa bodi ukatiwe rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 90. Kesi zilizoruka hatua hiyo zimetupwa bila kusikilizwa. Basi andikieni bodi kwanza ili itoe uamuzi mnaoweza kuukatia rufaa, na mtunze nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Ukomo wa madai ya ajira ni miaka 3. Kwa madhara yanayoendelea, miezi 12 tangu yakome.

Wenye mikataba ya muda maalumu wana kibarua kigumu zaidi, maana kwa kawaida mkataba ukiisha umeisha. Wanahitaji ahadi ya wazi ya kuongezewa, na iwe ya maandishi.

Ushindi nao una hatua zake. Aprili 2024 mahakama iliamua kwamba Tume ya Huduma za Walimu (TSC) ilikiuka haki za walimu wanagenzi wa sekondari msingi, lakini takriban 46,000 walingoja hadi Januari 2025 kuajiriwa kwa kudumu, baada ya fedha kutengwa. Kwa malipo uliyoshinda, mali ya serikali haipigwi mnada. Subiri siku 21 baada ya hukumu, chukua cheti cha amri (hati ya mahakama inayoonyesha kiasi unachodai), kikabidhi kwa afisa mhasibu, yaani mkuu anayewajibika kwa fedha za ofisi hiyo, na asipolipa uombe amri ya kumlazimisha atimize wajibu wake. Akiipuuza hiyo, anashtakiwa yeye binafsi kwa kudharau mahakama.