Namna nilivyozirudisha sauti za Bibi

Bibi yangu mzaa baba hakuacha mali nyingi. Aliacha mikarafuu michache, jamvi la kuanikia, na sauti yake, na hiyo sauti nilikuwa nayo mimi. Kwa miaka minne nilimrikodi nyumbani kwetu Wete, Pemba, mara nyingi usiku wa msimu, watu wamekaa kitako wanachambua karafuu na kuzitenga na makonyo, vile vijiti vyake. Wakichambua huimba, na wakichoka kuimba husimulia. Zilifika rikodi 47. Humo mna visa vya sungura na fisi, mna nasaba za watu wa Mtambwe, mna maneno ya Kipemba ambayo wanafunzi wangu hawayajui tena, na mna nyimbo ambazo sijazisikia kwa mtu mwengine.

Alipofariki, Mungu amrehemu, sikuweza kuzisikiliza. Nilijua zipo, ikanitosha.

Zilikuwepo kwenye diski moja ya nje ya gigabaiti 500, na mahali pengine popote hazikuwepo. Memori kadi ya kinasa sauti nilikuwa naisafisha kila inapojaa, ili nipate nafasi ya rikodi mpya.

Siku yenyewe nilikuwa kwenye kompyuta ya mezani ya skuli, nahamishia mitihani kwenye diski ileile, umeme ukakatika. Pemba tunapata umeme kwa waya uliolazwa chini ya bahari kutoka Tanga tangu 2010, na wanaozikumbuka jenereta za Wesha wanajua tumetoka wapi. Lakini umeme ukikatika wakati diski inaandikwa, orodha yake ya mafaili inaweza kubaki nusu, na ndivyo ilivyokuwa kwangu. Uliporudi, kompyuta ikanitaka niifomati diski kabla ya kuitumia. Nilikataa, nikaichomoa, nikaipeleka kwa fundi.

Fundi alikuwa na watu wengi. Aliichomeka, akaona ujumbe uleule, akasema, "Maalim, hii inataka kufomatiwa tu, dakika moja." Nilipofungua mdomo, kidole chake kilikuwa kimeshabonyeza. Diski ikafunguka nyeupe, tupu, kama imenunuliwa leo.

Nilitoka nje nikampigia mtoto wa kaka yangu, aliyesomea kompyuta na anaishi Fuoni, Unguja. Hakunipa pole. Aliniuliza mambo mawili.

"Ami, kafomati ile ya haraka au ile ya muda mrefu?"

"Haikuchukua hata nusu dakika."

"Na mmeandika chochote juu yake baada ya hapo?"

"Hatujaandika."

"Basi usiichomeke tena popote. Hata kuangalia tu. Panda boti uje."

Maneno hayo ndiyo yaliyoziokoa rikodi, na nataka nieleze sababu yake, maana watu wengi hupoteza vitu vyao saa hii hii kwa kuhangaika. Kufomati kwa haraka hakufuti yaliyomo. Kunaanzisha orodha mpya iliyo tupu, basi. Mimi ni mwalimu, nikaelewa hivi: mtu amechana daftari la mahudhurio, lakini wanafunzi bado wamekaa darasani kila mmoja kwenye dawati lake. Hatari ni mgeni atakayeingia sasa. Yeye ataambiwa madawati yote hayana watu, atakaa popote, na pale atakapokaa, aliyekuwepo ameondoka moja kwa moja. Kila faili jipya unalonakili na kila programu unayoiweka kwenye diski ile ni mgeni. Kufomati kwa muda mrefu ni habari nyengine: kwenye Windows, tangu toleo la Vista, kunapita sehemu kwa sehemu na kuandika sifuri, na baada ya hapo hakuna fundi wa kukurudishia kitu.

Nilipanda boti bandari ya Mkoani asubuhi, diski nimeifunga ndani ya kanga ya Bibi, nimeipakata mpaka bandarini Unguja. Diski za aina hii zina sahani zinazozunguka na kichwa kinachosoma kwa kuelea karibu mno juu yake, kwa hiyo kuanguka kunaweza kuziua.

Kijana hakuanza kutafuta. Alianza kunakili. Aliiwasha kompyuta yake kwa Linux, mfumo mwengine badala ya Windows, kutoka kwenye flashi, akachomeka diski yangu pamoja na nyengine kubwa zaidi, kisha akatumia programu inayoitwa ddrescue kunakili kila kipande cha diski yangu kama kilivyo, hata vile vinavyodaiwa kuwa vitupu. Baada ya hapo ya asili aliiweka kabatini, na kazi yote ikafanywa kwenye nakala, ili tukikosea tukosee hapo. Umeme ulikatika katikati ya kunakili. Mimi moyo ulinipasuka. Yeye alikwenda kupika chai, kwa sababu ddrescue huweka kumbukumbu ya pale ilipofikia, na umeme uliporudi ikaendelea kutoka hapohapo.

Saa za usiku ndipo alipoanza kutafuta, kwa PhotoRec, programu ya bure ya Mfaransa Christophe Grenier. Jina lake linataja picha lakini inatambua mamia ya aina za mafaili. Haijali orodha. Inapita kwenye diski nzima ikitafuta namna kila aina ya faili inavyoanza. Faili la sauti la WAV, kwa mfano, huanza na herufi RIFF kisha hutaja ukubwa wake. Mwanzo ukionekana na ukubwa ukijulikana, faili linakatwa kutoka pale na kuwekwa pembeni, kwenye diski nyengine.

Kasoro yake ni kwamba majina yote hupotea. Asubuhi tulikuwa na folda zilizojaa mafaili yenye herufi f na tarakimu ndefu nyuma yake, mamia kwa mamia, yakiwemo matangazo ya harusi na vipande vya muziki nilivyovisahau zamani.

Hapo ndipo daftari langu liliponifaa. Kila nilipomrikodi Bibi niliandika kwa kalamu: tarehe, mada, waliokuwepo, na muda. Kinasa sauti changu nilikiweka kwenye ubora wa CD lakini kwa maiki moja, na kwa kipimo hicho dakika moja inakula megabaiti 5 na kidogo. Kwa hiyo daftari likisema dakika 24, natafuta faili la kama megabaiti 121. Tulikaa siku mbili, yeye anasoma ukubwa, mimi napitisha kidole kwenye daftari. Faili la kwanza tulilolifungua lilianza na mvumo wa mvua juu ya bati, kisha Bibi akasema, "Sogeza taa huko, mwanangu, naunguza macho." Nilitoka nje nikakaa barazani mpaka nilipoweza kurudi ndani.

Zilirudi 44. Moja kati ya hizo inakwenda vizuri dakika tisa, kisha inageuka kelele tupu, kwa sababu faili lilikuwa limeandikwa vipande viwili mbalimbali kwenye diski na PhotoRec ilidhani kinachofuata ni chake. Tatu hazikuonekana kabisa. Mojawapo ni ya wimbo mrefu wa kuchambulia karafuu, dakika 31 kwa mujibu wa daftari.

Kabla sijarudi Pemba nilimuuliza kijana ninunue kitu gani cha kuhifadhia. Alinijibu kwamba swali la kwanza si kitu gani, ni nakala ngapi na ziko wapi. Akanipa kanuni iliyoenezwa na mpigapicha wa Marekani, Peter Krogh: nakala tatu, kwenye vifaa vya aina mbili, na moja iwe mbali na nyumbani. Kwetu sisi mbali maana yake nimeipata haraka. Nakala moja ivuke bahari. Moto, mwizi au paa linalovuja Wete havifiki Fuoni.

Vifaa vyenyewe nilivichunguza kwa muda. Diski zisizo na sahani, za SSD, ni za haraka na hazijali kutikiswa, na ndizo zilizomo kwenye laptopu nyingi za sasa. Lakini zina tabia moja ambayo ingeniua: kompyuta huziarifu mara moja ni sehemu zipi zimefutwa, nazo huzisafisha zenyewe. Rikodi zangu zingefutwa kwenye diski ya aina hiyo, huenda PhotoRec isingekuta kitu. Tena data yake inashikiliwa na chaji, kwa hiyo si kitu cha kufungia sandukuni miaka mingi bila umeme. Kwa kuweka kabatini nimechagua diski za sahani, mbili, za kampuni tofauti.

Flashi natumia kubebea tu. Niliwahi kununua moja ya bei poa iliyoandikwa terabaiti 2. Kijana aliijaribu kwa programu ya H2testw, inayoijaza mpaka mwisho kisha kuyasoma tena iliyoyaandika, na kumbe ndani mlikuwa na gigabaiti 29 za kweli. Kitu kama hicho hukubali mafaili yako yote, hukuonyesha majina yote, na siku ya kuyafungua hayafunguki. Sasa sitii kitu kwenye flashi mpya kabla ya kuijaribu.

Nakala ya tatu iko kwenye intaneti. Google hutoa gigabaiti 15 bila malipo, zikigawana na barua pepe na picha. Rikodi zangu zote ni kama gigabaiti 6, na nilipozibadilisha kuwa FLAC, ambayo hupunguza ukubwa bila kuiharibu sauti, zilibaki karibu nusu. Nilizipandisha usiku kwa usiku kwa bando la usiku, wiki nzima. Nywila imeandikwa kwenye daftari lilelile la Bibi, na mke wangu anajua lilipo.

Diski ya Wete naiweka kwenye kopo la plastiki lenye kifuniko cha kubana, pamoja na vile vifuko vya chembechembe vinavyokuja ndani ya viatu vipya. Hewa yetu ina chumvi na unyevu, nimeshaona midomo ya waya ikishika kutu. Diski ya pili inakwenda na kurudi: nikivuka kwa Idi zote mbili, ya Mfunguo Mosi na ya Mfunguo Tatu, na likizo za skuli, naichomeka kwa kijana, naongeza mapya, na nafungua rikodi chache nisikilize mpaka mwisho. Kuona jina la faili hakunitoshi tena.

Zile tatu zilizopotea bado zinaniuma. Mwezi uliopita nilikwenda Mtambwe kwa shangazi yangu, aliyekuwa akikaa kitako na Bibi kila msimu, nikamwomba aniimbie ule wimbo mrefu.

"Nnaujua wote," alisema. "Lakini huo hauimbwi na mikono mitupu, mwanangu. Niletee karafuu."

Karafuu zimeanza kukomaa. Jamvi nimeshalitoa, na kinasa sauti nimekitia betri mpya na memori kadi ambayo sitaifuta.