Sauti Iliyonipeleka Paris

Niliondoka Brussels kwa treni ya alfajiri, na kabla jua halijapanda vizuri nilikuwa nimeshashuka Gare du Nord. Nilikuwa namfuata mtu ambaye sauti yake niliijua kabla ya sura yake. Utotoni, Bujumbura, baba mdogo alikuwa na kaseti ya filamu ya katuni ya mwaka 1976 kuhusu kazi kumi na mbili za Astérix, shujaa wa katuni za Kifaransa, na msimulizi wake, mwenye sauti ya babu anayebana kicheko, alikuwa Pierre Tchernia. Miaka mingi baadaye ndipo nilipojua kwamba alishiriki pia kuiandika, pamoja na René Goscinny na Albert Uderzo, waliombuni Astérix, na kwamba alikuwa miongoni mwa watu walioilea televisheni ya Ufaransa ilipokuwa bado inatambaa.

Nilitembea kwa miguu hadi boulevard de Clichy, kwa sababu vichekesho vya televisheni hiyo havikuzaliwa studio. Chimbuko lake ni kumbi ndogo za eneo la Montmartre, ambako watumbuizaji waitwao chansonniers waliwakejeli mawaziri kwa mashairi na nyimbo. Jacques Grello na Robert Rocca, wenzake Tchernia katika kipindi cha kejeli nilichokuja kukitazama, walitoka katika ukoo huo. Mojawapo ya kumbi hizo, Théâtre des Deux Ânes, bado ipo, namba 100, si mbali na Moulin Rouge. Mlango ulikuwa umefungwa, na mtu mmoja alikuwa akimwagia maji njia ya waendao kwa miguu, nikamwamkia, nikapita.

Rue Cognacq-Jay ni barabara fupi iliyo karibu na mto Seine, na mgeni asiyejua habari zake hana sababu ya kusimama hapo. Mwaka 1943 Wajerumani waliokuwa wameikalia Paris walilitwaa jumba la dansi lililokuwa hapo, wakaweka studio ya kuwaburudisha askari wao majeruhi mahospitalini, na matangazo yakarushwa kutoka mnara wa Eiffel ulio jirani. Vita vilipokwisha, Wafaransa waliirithi studio hiyo, na humo ndimo mwanahabari Pierre Sabbagh alimoanzishia taarifa ya habari ya televisheni mwezi Juni 1949. Tchernia, kijana wa miaka 21, alikuwa katika kikosi chake. Wenye seti za televisheni walikuwa wachache mno, fedha haba, na nadhani uchache huo ndio uliomfundisha mtu mmoja kuandika, kutayarisha na kujitokeza mwenyewe mbele ya kamera bila kuona ajabu.

Mchana nilikwenda maktaba ya taifa, upande wa François-Mitterrand, ambako watafiti hutazama kumbukumbu za televisheni. Niliomba La Boîte à sel, yaani Kikopo cha Chumvi, kipindi ambacho Grello, Rocca na Tchernia walikiendesha tangu mwaka 1955. Matangazo ya zama hizo yalikwenda hewani moja kwa moja, na ili kuyahifadhi ilibidi kamera ya filamu ielekezwe kwenye kioo chenyewe cha televisheni. Ndiyo maana picha ina ukungu, na sauti ni kama ya mtu anayeongea ndani ya mtungi.

Nakiri kwamba mizaha mingi ilinipita. Serikali za Ufaransa zilianguka mara kwa mara miaka ile, na majina ya mawaziri hayakuniambia kitu. Lakini uso wa mviringo wa Tchernia, unaojua utani unakuja na kujikaza usiutangulie, ulinifanya nicheke kwa sauti katika chumba ambamo hata kukohoa ni aibu. Mama aliyeketi meza ya jirani alinigeukia, akatazama kioo changu, kisha akarudi kwenye kazi yake bila neno.

Kipindi kilikoma mwaka 1960, vita vya Algeria vikiendelea, baada ya watatu hao kukataa kupeleka maandishi yao yakaguliwe kabla ya kwenda hewani. Nilivua hedifoni, nikarudisha kadi, nikawahi treni ya saa moja jioni.