Usiku LUKU iliponionyesha mstari unakata wapi

Ilikuwa 2011, nipo fomu wani, tunakaa Mbagala nyumba ya kupanga, mita moja ya LUKU, ile ya kununua yuniti za umeme kabla ya kutumia, familia tatu. Wiki ile nilikuwa nimefeli jaribio la hesabu na swali lililoniuma kuliko yote ni la grafu, 2x + 3y = 12, tafuta mstari unapokata mhimili wa x. Mimi nilivyoona x nikaweka x = 0, nikapata 4, nikaandika. Ticha kaweka kosa kubwa jekundu, pembeni kaandika y = 0, basi. Sasa y ya nini wakati nimeulizwa x? Siku mbili nzima nazunguka nalo kichwani.

Mama alikuwa na kaunta buku lake, kila saa mbili usiku anachungulia mita anaandika yuniti zilizobaki, maana kulikuwa na maneno kwamba kuna mpangaji anapikia jiko la umeme kwa siri. Jumatano akaniita, "Mwanangu, we si unasoma hesabu, hebu niangalizie, huu umeme unafika Jumamosi? Wageni wa posa ya dada yako wanakuja."

Nikachukua karatasi ya grafu, siku nikaziweka chini, yuniti nikazipandisha juu. Jumapili 30, Jumatatu 25, Jumanne 20, Jumatano 15, nukta nne zimekaa kwenye mstari mmoja kabisa. Nikaweka rula nikavuta penseli kushuka kulia ikaenda kugota mhimili wa chini siku ya sita baada ya Jumapili, yaani Jumamosi.

Penseli ikabaki palepale, nikajiuliza hapa yuniti ngapi? Sufuri. Na yuniti ndo y! Kumbe popote utakaposimama kwenye mhimili wa x hujapanda wala hujashuka, y yako ni sufuri, ndo maana unaweka y = 0 halafu x inatoka yenyewe. Na kule juu kushoto mstari ulikokata mhimili wa y ni Jumapili, hakuna siku iliyopita bado, x ni sufuri, na ile 30 ni yuniti tulizoanza nazo. Nikakimbilia karatasi ya jaribio, y = 0, 2x = 12, x = 6. Ile 4 yangu ilikuwa ya mhimili mwingine jamani, nilivyofurahi usiku ule siwezi kuelezea.

"Mama, Jumamosi saa mbili usiku unakata."

"Saa mbili si ndo wageni wanakula! Tukiongeza yuniti ishirini je?"

Wala sikuanza upya, mstari uleule nikausogeza juu uanzie 50, unashuka tano kila siku vilevile, ukagota siku ya kumi, Jumatano ya wiki inayofuata. Mama akaiangalia ile karatasi, akafuata mstari kwa kidole mpaka chini, akajifunga kanga vizuri akatoka nayo kwenda kugonga kwa wapangaji wenzie, mmoja mmoja, kuwachangisha.