Tafakari ya Wiki: Kioo Kilichopasuka

"Mchukuliane mizigo, na kuitimiza hivyo sheria ya Kristo." (Wagalatia 6:2)

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Tarehe 10 Machi 1967, ndege za kivita za Marekani aina ya F-4 Phantom zilikwenda kushambulia kiwanda cha chuma cha Thai Nguyen, kaskazini mwa Hanoi, wakati wa vita vya Vietnam. Kila ndege ilibeba watu wawili. Ile ya Earl Aman na Robert Houghton ilipigwa, mafuta yakawa yanamwagika. Wangeruka kwa parachuti pale pale, wangeangukia mikononi mwa adui. (Na hao waliokuwa chini, kiwandani, nao ni viumbe vya Mungu. Siwezi kuisimulia habari hii nikawaruka.)

Bob Pardo na mwenzake Steve Wayne, ambao ndege yao nayo ilikuwa imepigwa, walikataa kuwaacha. Phantom ina kulabu chini ya mkia. Pardo akamwambia Aman aishushe, akamsogelea kwa nyuma hadi kulabu ya Aman ikaegemea kioo cha mbele cha ndege yake Pardo, akaanza kumsukuma. Kulabu ikateleza, akarudi. Ikateleza tena, akarudi. Kioo kikapasuka nyufa. Injini yake moja ikashika moto, akaizima, akasukuma kwa iliyobaki. Wakafika nchi jirani ya Laos, wote wanne wakaruka, na wote wanne wakaokolewa.

Mimi hukwama kwenye kile kioo. Wengi wetu mzigo wa ndugu tunauchukua kwa "nakuombea", tena tukiwa mbali, vioo vyetu vizima.

Wale wanne wa Marko 2 waliobomoa dari ili mwenye kupooza amfikie Yesu, najiuliza nyumba ilikuwa ya nani, na jioni ile mwenyewe alisema nini. Hata Pardo alikaripiwa na wakubwa kwa kupoteza ndege. Nishani ya ushujaa yeye na Wayne waliipata mwaka 1989, miaka zaidi ya ishirini baadaye.

Halafu Aman akaugua ugonjwa wa mishipa ya fahamu unaolegeza viungo. Mwendo ukamtoka, na sauti pia. Pardo aliposikia, akaanza kuchangisha fedha, mpaka rafiki yake akapata kiti cha magurudumu chenye mota na mashine ya kumsemea.