Nilivyoifuatilia kazi ya William Hootkins, Mmarekani wa London

Kazi yangu ni kuingiza sauti za Kiswahili kwenye tamthilia za nje. Mara nyingi sipewi steringi. Napewa daktari wa kijiji, polisi wa zamu, mjomba anayetokea siku ya harusi na kuondoka. Ndiyo maana waigizaji wasaidizi nawatazama kama mafundi wenzangu. Nilipoamua kuandika habari za mwigizaji mmoja tangu alipoanza hadi alipofariki, nikamchagua William Hootkins.

Huenda jina hulijui, lakini kama umewahi kukaa kwenye kibanda umiza au mbele ya televisheni usiku, sura yake umeiona. Ni yule rubani mnene kwenye Star Wars ya 1977, Porkins, anayeripoti kuwa yuko tayari, kisha chombo chake kinapata hitilafu. Mwenzake anamwambia aruke, yeye anajibu kwamba atakimudu, na hapo hapo kinalipuka. Sekunde chache tu, amefungwa kwenye kiti, hana pa kwenda, hana mtu wa kumtazama usoni. Kilichobaki kwake ni macho na sauti. Nimeshajaribu kuigiza hofu nikiwa nimesimama peke yangu mbele ya maikrofoni, kwa hiyo najua alichofanya pale si kidogo.

Ukimtafuta kwa jina kwenye intaneti unakutana na mistari ile ile: Porkins, basi. Mimi nilichora jedwali kwenye daftari lenye mwaka, filamu, nafasi yake, na mahali ilipopigwa. Safu hiyo ya mwisho ndiyo iliyonifungulia mambo. Star Wars: studio za Elstree, Borehamwood, kaskazini ya London, mwaka 1976. Raiders of the Lost Ark ya 1981: sehemu za ndani, Elstree tena. Superman IV ya 1987, ambamo ni Harry Howler, mmoja wa washirika wa Lex Luthor, adui wa Superman: Elstree, na mitaa ya jiji la Kimarekani ikapigwa Milton Keynes. Batman ya 1989: studio za Pinewood, ambako msanifu Anton Furst alijenga jiji zima la Gotham, mji wa Batman, kwenye uwanja wa studio.

Tazama hapo. Nusu ya hadithi za Marekani tulizokua nazo zilitengenezwa Uingereza, na huyu bwana kutoka Texas alikuwa akiishi London miaka yote hiyo. Hollywood ndiyo iliyomfuata. Kampuni ya Kimarekani ikija Elstree kwa sababu ya majukwaa makubwa na mafundi hodari, ilileta mastaa wake kwa ndege. Lakini afisa wa jeshi mwenye mistari kumi ya kusema, au polisi mla rushwa, ya nini kumsafirisha kutoka Los Angeles na kumlipia hoteli, wakati mjini wapo Wamarekani waliosomea kazi, wenye lafudhi ya kuzaliwa nayo? Lile lilikuwa soko kamili. Ed Bishop, mzaliwa wa Brooklyn, aliishi kwa soko hilo. Sauti yake ndiyo ya Kapteni Blue kwenye tamthilia ya televisheni Captain Scarlet, na baadaye akawa Kamanda Straker kwenye UFO.

Baada ya kulijua hilo nilirudi kwenye Raiders na kuitazama upya, hasa ile sehemu ya mwanzoni chuoni. Maafisa wawili wa upelelezi wa jeshi wanamjia Indiana Jones na swali. Mmoja ni Hootkins, Meja Eaton. Mwingine, Kanali Musgrove, ni Don Fellows, mzaliwa wa Salt Lake City, naye mkazi wa London. Kumbe "jeshi la Marekani" pale mbele ya Harrison Ford, anayecheza Jones, ni Wamarekani wawili wa London! Nilifurahi kama niliyeokota almasi. Kisha tazama wanachokifanya. Mtazamaji hajui Sanduku la Agano lina kazi gani kwenye hadithi. Mtu lazima aulize ili Jones aeleze, na maswali yasisikike kama darasa. Hootkins anasikiliza kwa mwili mzima, wala hamwibii Ford hata chembe. Mwishoni mwa filamu zamu inageuka, sasa Jones ndiye anayeuliza: Sanduku liko wapi, nani wanalichunguza? Eaton anajibu kwamba ni watu bora. Nani? anaulizwa tena. Anarudia maneno yale yale, taratibu, akiyatenganisha, na mlango umefungwa. Serikali nzima imo ndani ya jibu hilo moja. Niliirudia sehemu hiyo huku nimefumba macho, nisikie tu anavyovuta pumzi katikati ya maneno.

Habari za maisha yake ziliniletea mambo ambayo sikuyategemea. Alizaliwa Dallas mwaka 1948. Akiwa kijana wa St. Mark's, shule moja ya huko, alisoma Kirusi kwa mwalimu aitwaye Ruth Paine. Huyo ndiye mama ambaye nyumbani kwake aliishi mke wa Lee Harvey Oswald, mtuhumiwa wa mauaji, wakati Rais Kennedy alipouawa, Novemba 1963. Basi FBI wakamhoji hata mwanafunzi wa miaka kumi na mitano. Ukisoma ushahidi wa Ruth Paine mbele ya Tume ya Warren, iliyochunguza mauaji hayo, mwanafunzi huyo anatajwa. Hapo nilijifunza kwamba mtu wa nafasi ndogo hupatikana kwenye karatasi ambazo hazihusu filamu hata kidogo.

Baadaye alikwenda chuo kikuu cha Princeton, akasoma Kichina, kisha akavuka bahari kwenda kusomea uigizaji LAMDA, chuo cha sanaa ya maigizo cha London. Huko alibaki kwa muda mrefu. Kwangu mimi huu ndio uamuzi mkubwa kuliko nafasi yoyote aliyopata. Kijana anayetaka filamu za Kimarekani kwa kawaida anakimbilia California, ambako kila mhudumu wa mgahawa ni mwigizaji anayesubiri kuitwa. London, lafudhi ya Texas ilikuwa bidhaa adimu.

Redio ilikuwa ngumu zaidi kuifuatilia, nayo kwa mwenye kazi kama yangu ndiyo tamu kuliko zote. BBC wameweka mtandaoni ratiba za zamani kutoka jarida la Radio Times, zinaitwa BBC Genome. Unaandika jina, unapewa vipindi pamoja na majina ya waigizaji. Tanzia zilizoandikwa Uingereza alipofariki nilizitumia pia, ila sikuandika kitu kwa kutegemea tanzia peke yake. Kila nafasi niliithibitisha kwa majina yanayopita mwishoni mwa filamu yenyewe. Nakushauri na wewe ufanye hivyo. Filamu ikiisha, usizime. Majina ya chini kabisa ndiyo yenye habari.

Na kuna jukwaa. Mwaka 2003, kwenye ukumbi wa Royal Court, London, alicheza kama Alfred Hitchcock katika tamthilia ya Terry Johnson, Hitchcock Blonde, ambayo ilihamia West End, mtaa wa kumbi kubwa za maigizo. Hitchcock alikuwa Mwingereza, mtoto wa Leytonstone, mashariki ya London, aliyekwenda kuishi Marekani. Mmarekani aliyeyapitisha maisha yake ya kazi London anasimama mbele ya watu wa London akiwa Mlondon aliyehamia Hollywood, na lafudhi anaibeba. Baada ya miaka ya kukaa pembeni ya mastaa, usiku ule yeye ndiye waliyemfuata. Nilipoliandika hilo kwenye jedwali nililizungushia kalamu nyekundu.

Alifariki Santa Monica, California, Oktoba 2005, kwa saratani ya kongosho, akiwa na miaka 57. Kabla ya hapo alikuwa amesoma riwaya ya Moby-Dick yote, neno kwa neno, kwa ajili ya kitabu cha kusikiliza, zaidi ya saa ishirini na nne za sauti ya mtu mmoja. Anabadilisha mabaharia, nahodha na msimulizi bila kupoteza uzi. Mwenye kuingiza sauti akisikiliza saa moja tu ya kazi hiyo atatoka na mazoezi ya mwezi mzima. Mimi nasikiliza sura moja kila mara kabla ya kwenda studio, kisha naijaribu kwa Kiswahili, hasa pale anaposhusha sauti badala ya kuipandisha.

Jedwali la Hootkins sasa limejaa kiasi cha kuridhisha. Ukurasa unaofuata nimeshaandika jina juu: Don Fellows. Safu ya kwanza ninayoijaza ni ile ya mahali.