Marfaa ya ubao mmoja

Wageni wakienda Lamu hurudi na picha za milango. Haki yao, milango ile inapendeza. Lakini mimi nikiingia karakana ya mchongaji natafuta marfaa kwanza, kile kiti cha mabawa mawili yanayokunjuka, cha kuwekea msahafu, na nikishaiona siangalii maua yake. Naangalia meno ya katikati, pale mabawa yanaposhikana.

Marfaa ya sawasawa hutoka kwenye ubao mmoja tu. Haina gundi, haina msumari. Ami wa mume wangu, ambaye ndiye fundi wetu, huanza kwa kupiga mistari ya penseli na kugawa meno: hili la bawa la mbele, linalofuata la nyuma, hivyo hivyo hadi ukingoni. Huyachonga kwa tindo pande zote mbili, akayaviringisha kidogo ili yazunguke. Halafu huubana ubao kwenye jiliwa na kuupasua unene wake kwa msumeno, kutoka juu hadi kwenye meno, kisha kutoka chini. Hapo hataki kusemeshwa. Msumeno ukienda kombo, bawa moja linakuwa jembamba na mvule wote ule ni kuni. Mwisho hupitisha ncha ya kisu kati ya meno, akakata nyuzi zilizobaki, akaukunjua taratibu.

Nilimuuliza, "Ami, si uchonge vipande viwili utie bawaba?"

"Bawaba ina kutu, mwanangu. Hewa ya hapa huijui?"

Nakshi ni majani, maua na duara za bikari. Mtu wala mnyama hamna. Mtindo mmoja huitwa kijumwa, kwa jina la Muhamadi Kijumwa, mshairi na mnakili wa hati wa Lamu aliyefariki 1945, ambaye pia alikuwa mchongaji. Mimi nikitazama mizunguko yake naona mkono uliozoea kalamu.

Mombasa sasa zimejaa za bawaba, nyepesi, za rangi ya kung'aa. Sizisemi vibaya, madrasa yenye watoto wengi itafanyaje? Ila kwangu haiingii.

Nimeagiza nyingine ya binti yangu, aliyemaliza Juzuu Amma, juzuu ya mwisho ya Kurani. Yeye anataka ichongwe jina lake. Ami kakataa kata kata: kitu cha kuwekea msahafu hakiandikwi jina la mtu. Baada ya kubembelezwa sana amekubali kuliweka mguuni, upande wa ndani, na kwa herufi ndogo.